Kiinua Mgongo cha Wafanyakazi wa Jumuiya

Kiinua mgongo si zawadi ya mwajiri. Ni sehemu ya ujira ambayo mfanyakazi hakupewa mwisho wa mwezi, ikawekwa ili imfae uzeeni. Bila kuanza na ukweli huo, ndugu msomaji, hatutaelewa kwa nini wazee waliokuwa madereva wa garimoshi, mafundi wa karakana na makarani wa stesheni walikwenda mahakamani kuishitaki serikali yao wenyewe, miaka 26 baada ya mwajiri wao kufa.

Mwajiri huyo alikuwa Jumuiya ya Afrika Mashariki ya 1967. Reli zenyewe zilikuwa za zamani zaidi. Waingereza walianza kujenga kutoka Mombasa mwaka 1896. Wajerumani walifikisha reli yao Kigoma mwaka 1914. Mwaka 1948 wakoloni waliziweka reli na bandari chini ya shirika moja. Haki za mfanyakazi humo hazikudondoka kama embe. Mgomo wa makuli wa Dar es Salaam wa 1947 ulisambaa kufuata njia ya reli, na mwaka 1960 wafanyakazi wa reli wa Tanganyika waligoma kwa zaidi ya miezi miwili. Jumuiya ilirithi watu waliokwisha jifunza kudai. Iliwahamisha pia: mtu wa Tabora aliweza kupelekwa Nairobi, wa Kisumu akapelekwa Dar es Salaam. Kazi ilikuwa moja, na miaka ya utumishi ilihesabiwa pamoja.

Jumuiya ilipovunjika mwaka 1977, kila nchi ilikamata kilichokuwa ndani ya mipaka yake: injini, mabehewa, ndege, meli. Msuluhishi, Victor Umbricht wa Uswisi, alihangaika miaka mingi hadi mkataba wa kugawana mali na madeni ulipotiwa saini Arusha, Mei 1984. Mkataba ule ulikuwa wa serikali tatu. Mfanyakazi hakuwa mshirika wake. Hata hivyo ulimtaja. Kila nchi ilitakiwa kuwalipa raia wake pensheni na mafao waliyokwisha yachuma. Hivyo jasho lililotoka kwa pamoja likagawanywa kwa uraia, na kila mzee akaelekezwa kwa hazina ya kwao.

Wengi nchini Tanzania walikuwa wakiendelea na kazi ile ile, juu ya reli ile ile, chini ya shirika jipya la taifa. Wakati huo huo fedha ilikuwa ikiyeyuka. Mwaka 1977 dola moja ya Marekani ilikuwa shilingi 8 na senti. Mwaka 2005 ilizidi shilingi 1,100. Mdaiwa anayechelewa katika hali hiyo hupunguza deni bila kulipa hata senti. Hapa ndipo penye kiini cha ugomvi wote, kuliko hata maneno ya mkataba.

Mwaka 2003 wastaafu 31,831 walifungua kesi katika Mahakama Kuu, Dar es Salaam. Ilimalizika kwa maafikiano Septemba 2005, na Serikali ikaanza kulipa. Malalamiko hayakuisha: wapo walioona hesabu imewapunja, wakarudi mahakamani, na wengine wakakaa barabarani mjini Dar es Salaam, vikongwe wenye mikongojo. Ni rahisi kuwaita wakorofi. Lakini mtu aliyetunza vitambulisho vya kazi kwa miaka thelathini hatafuti fujo.

Wakenya zaidi ya 700 walijaribu njia nyingine. Mwaka 2010 walikwenda kwenye Mahakama ya Afrika Mashariki, chombo cha Jumuiya mpya iliyozaliwa kwa mkataba wa 1999. Walishindwa mwaka 2011, na rufani yao ikakataliwa mwaka 2012. Mahakama haikusema kwamba hawakufanya kazi. Ilisema mkataba mpya ulianza kutumika Julai 2000 na haurudi nyuma kuyagusa ya 1977 wala ya 1984. Jina ni lile lile, makao ni Arusha ile ile, na deni lao likabaki nje ya mlango.