Nyimbo za Baba: Historia ya Albamu ya Ndugu Everly ya 1958

Songs Our Daddy Taught Us ni albamu ya pili ya Don na Phil Everly, ndugu wa damu walioimba pamoja tangu utotoni. Ilirekodiwa Nashville, Tennessee, mwezi Agosti 1958, na kampuni ya santuri ya Cadence ikaitoa kabla mwaka haujaisha. Ina nyimbo 12 za kale na za kikantri, na jina lake linamrudishia heshima baba yao, Ike Everly.

Ike alitoka kaunti ya Muhlenberg, magharibi mwa Kentucky, nchi ya makaa ya mawe. Alifanya kazi machimboni, na akitoka huko alishika gitaa. Wapigaji wa sehemu hiyo walikuwa na namna yao: dole gumba hushika besi kwenye nyuzi nene, likienda mfululizo, na kidole cha shahada hudonoa melodi kwenye nyuzi nyembamba, hata msikilizaji akadhani wapigaji ni wawili. Ufundi huo unahusishwa sana na Arnold Shultz, mpigaji Mweusi aliyefariki mwaka 1931. Baada yake wakavuma Kennedy Jones, Mose Rager na Ike mwenyewe. Kijana Merle Travis alijifunza kwa Rager na Ike, akaupeleka ufundi huo kwenye santuri, na leo mtindo mzima huitwa kwa jina lake. Waliomfundisha wamebaki kwenye tanbihi.

Don alizaliwa mwaka 1937 katika kaunti hiyohiyo. Phil alizaliwa Chicago mwaka 1939, familia ikiwa imekwishahama. Katika miaka ya 1940 walihamia Shenandoah, Iowa, wakawa wakiimba redioni, baba, mama na watoto. Kazi hiyo ilikufa pole pole, vituo vilipogundua kuwa kucheza santuri ni rahisi kuliko kulipa familia nzima. Wakahamia Tennessee, na huko mpiga gitaa Chet Atkins akawashika mkono vijana. Mwaka 1957 Bye Bye Love ikawafanya nyota wa vijana wa Marekani, na vibao vingine vikafuata, vingi vikiwa tungo za Boudleaux Bryant na mkewe Felice.

Katikati ya umaarufu huo ndipo walipoingia studio na gitaa, pamoja na besi ya Floyd Chance. Ngoma hazimo, wala gitaa la umeme. Kwa kawaida Don anashika sauti ya chini, yenye melodi, na Phil anapanda juu yake, wakivuta pumzi pamoja na kumaliza neno pamoja. Upweke wa vyombo ndio unaoziacha sauti hizo wazi kuliko katika vibao vyao vingine vyote.

Nyimbo zenyewe si za umri mmoja. Barbara Allen ilikuwa ikiimbwa Uingereza tayari mwaka 1666, Mwingereza Samuel Pepys alipoitaja katika shajara yake. Put My Little Shoes Away ni ya mwaka 1873. Lakini That Silver Haired Daddy of Mine ni utunzi wa Gene Autry na Jimmy Long wa miaka ya 1930, na Kentucky ni wa Karl Davis, mwimbaji wa redio. Kwa mchimbaji wa kizazi cha Ike, wimbo uliotoka kwa bibi na uliotoka redioni zilikwenda kapu moja.

Mambo yanayoimbwa humo ni mazito. Katika Lightning Express mtoto asiye na tiketi anamsihi kondakta asimshushe kwenye treni, kwa kuwa anakwenda kwa mama yake mahututi. Mwishowe abiria wanamchangia nauli. Down in the Willow Garden inasimuliwa na kijana aliyemuua mpenzi wake akamtupa mtoni, naye sasa anangoja kitanzi. Don alikuwa na miaka 21 na Phil 19. Wanaiimba kwa upole, bila kuigiza kilio, na upole huo unatisha zaidi ya mayowe.

Albamu haikutoa kibao chochote kikubwa wakati huo, na mwaka 1960 ndugu hao wakahamia kampuni ya Warner Bros. Walirudi kwenye kantri mwaka 1968 kwa albamu ya Roots, iliyochanganya rekodi mpya na vipande vya kipindi cha redio cha familia yao. Mwaka 1973 waligombana wakaachana. Ike akafariki mwaka 1975 wakiwa bado wametengana, na hawakupanda jukwaa moja tena mpaka Septemba 1983, katika ukumbi wa Royal Albert Hall, London. Phil alifariki mwaka 2014, Don mwaka 2021.

Mwishoni mwa 2013 mwimbaji Norah Jones na Billie Joe Armstrong, mwimbaji wa bendi ya Green Day, walitoa albamu ya Foreverly, yenye nyimbo zote 12 zilizorekodiwa upya. Waliongeza vyombo na kubadili mpangilio, na sauti za ndugu wawili zikawa za mwanamke na mwanamume.