Hora: Mgawaji wa Wakati
Neno hora, ambalo katika Kilatini lina maana ya saa, ndilo jina ambalo mwandishi Mjerumani Michael Ende alimpa msimamizi wa wakati katika riwaya yake Momo ya mwaka 1973. Secundus Minutius Hora, ambaye majina yake yote matatu yanadokeza vipimo vya wakati, humgawia kila binadamu fungu lake, ilhali mabwana wa kijivu, yaani wezi wa wakati, hukausha petali za maua ya saa, ambayo ndiyo wakati waliowaibia watu, na kuzisokota ziwe sigara wanazovuta ili waendelee kuishi. Kwa hiyo, istilahi inayomfaa Hora ni mgawaji wala si mlinzi, kwa kuwa kuulinda wakati uliokwisha kugawiwa ni wajibu wa kila mwenye fungu.