Hakimu Aliyejishtaki

Wengi wetu tumewahi kusikia jina la Alfred Hitchcock, mwongozaji wa filamu kutoka Uingereza. Ni wachache mno wanaomjua Eliot Stannard, ingawa karibu filamu zote bubu za Hitchcock, kuanzia The Pleasure Garden ya mwaka 1925, zilipita kwanza kwenye kalamu yake. Stannard alizaliwa mwaka 1888. Mama yake alikuwa mwandishi wa riwaya aliyejificha nyuma ya jina la kiume, John Strange Winter. Mwana naye akaandika miswada ya filamu kwa makumi, na mwaka 1920 akatoa somo la kuwafundisha wengine kazi hiyo.

Filamu za siku zile hazikuwa na sauti. Maneno yalikuwa machache, ya kusomwa kwenye skrini, hivyo mwandishi alilazimika kusema kwa vitu vinavyoonekana. Stannard alitetea sana matumizi ya ishara. Sisi tuliolelewa kwa mifano ya chachu, punje ya haradali na shilingi iliyopotea hatuhitaji kubembelezwa tukubaliane naye.

Kazi yake inayotugusa zaidi ni The Manxman ya mwaka 1929, iliyotokana na riwaya ya Hall Caine. Inaanza kwa kuweka mbele yetu swali la Bwana Yesu katika Marko 8:36. Pete, mvuvi maskini, anakwenda Afrika kutafuta mali na kumwacha mchumba wake, Kate, chini ya uangalizi wa rafiki yake Philip, mwanasheria. Habari zinafika kwamba Pete amekufa. Kate na Philip wanapendana. Kisha Pete anarudi, mzima. Philip ananyamaza, maana ana cheo cha uhakimu anachokitazamia. Kate anaolewa na Pete, na mtoto anayezaliwa ni wa Philip.

Siku moja Kate anajitupa katika maji meusi ya bandari. Weusi ule unageuka kuwa wino, na kalamu inachovywa ndani ya kidau: ni mkono wa Philip, hakimu mpya, akiwa kazini. Hakuna neno lililosemwa. Kate anaokolewa, analetwa mahakamani kwa kosa la kutaka kujiua, na anayeketi kumhukumu ni yule yule.

Daudi alihitaji Nathani aje amwambie kwamba mtu yule ni yeye (2 Samweli 12). Na Philip je? Ana mwanamke aliyesimama kizimbani mbele yake. Anakiri mbele ya watu wote, anavua wigi ya uhakimu na kuachia kiti.

Hitchcock mwenyewe, alipohojiwa na Truffaut miaka mingi baadaye, hakuithamini filamu hii. Sisi hatukubaliani naye. Tumezoea shuhuda ambamo mtu akishatubu mambo yote hunyooka mara moja. Hapa toba ni ya kweli, lakini aliyekosewa bado ana jeraha lake. Philip na Kate wanaondoka na mtoto huku wanakijiji wakiwazomea.

Sauti ilipoingia katika filamu, kazi za Stannard zilipungua, na mwaka 1944 akafariki. Tukiitazama filamu yake leo, tunamwona Pete mwishoni akirudi baharini na wavuvi wenzake, bila mke, bila mtoto, na bila rafiki.