Filamu "Pungulume" na kumbukumbu za Wasanga wa Fungurume

Ukitoka Kolwezi kuelekea Likasi, unapita Fungurume. Watu wengi wanajua jina hilo kwa ajili ya shaba na kobalti. Lakini jina la zamani ni Pungulume, na njo jina ambalo Sammy Baloji na Filip De Boeck walipatia filamu yao ya mwaka 2016.

Baloji ni nani? Alizaliwa Lubumbashi mwaka 1978. Alijulikana kwanza kwa picha zake za majengo na mashimo ya migodi ya Katanga. Mwaka 2006 alitoa filamu "Mémoire", akiwa na mchezaji ngoma Faustin Linyekula. De Boeck ni mtafiti wa maisha na desturi za watu ku chuo kikuu cha Leuven, Ubelgiji.

Ndani ya filamu, shefu Mpala wa Wasanga na wazee wake wanakaa na kusimulia historia ya kabila lao kwa mdomo, sawa vile walivyoipokea kwa bababu. Wakati huohuo, watazamaji wanaona mlima unavyochimbwa.

Hapo njo kuna shida yenyewe. Masimulizi ya wazee yanashikamana na mahali: kilima, mto, kaburi. Kilima kikiisha, jina linabakia bila mahali, na mtoto hana tena kitu cha kuonyeshwa. Wasanga walichimba na kuyeyusha shaba mbele ya wazungu kufika, wakatengeneza misalaba iliyotumika sawa feza. Leo wachimbaji wakubwa ni makampuni: Tenke Fungurume Mining ilianza kutoa shaba mwaka 2009, na tangu 2016 iko mu mikono ya kampuni ya China, CMOC.

Kurekodi kunaweza kusaidia. Jean-Bosco Mwenda wa Bayeke, mzaliwa wa Bunkeya, teritware la Lubudi, alikutana na Hugh Tracey mu Likasi (zamani Jadotville) mwaka 1952. Tracey alirekodi gitare yake, na wimbo "Masanga" ulivuka mipaka hadi Nairobi na mbali zaidi. Bila mashine ile, pengine Bunkeya peke yake ingeusikia. Lakini hifadhi ambayo Tracey alianzisha mwaka 1954 iko Afrika Kusini, mbali na vijiji vilivyotoa sauti zile.

Leo simu ya mkononi inatosha kwa kuanza. Ukirekodi mzee, omba ruhusa kwanza. Andika jina lake, kijiji, tarehe, luga, na maana ya maneno magumu. Uliza pia kilima au mto anaoutaja uko wapi. Kisha achia familia yake na shefu kopi moja, ili sauti ibakie na wenyewe hata kama mlima utaondoka.