Mgeni na Jiko la Mwenyeji: Habari ya Nardoo, Mtapo na Muhogo

Katika mwaka 1860 misafara miwili ilifunga safari, kila mmoja kwa upande wake wa dunia. Mmoja uliondoka Unguja mwishoni mwa Septemba, ukavuka hadi Bagamoyo na kushika njia ya bara kutafuta chanzo cha mto Naili. Huo ulikuwa msafara wa Speke na Grant, pamoja na wapagazi wa Kiungwana, askari wa Kibaluchi waliotolewa na Sayyid Majid, na Sidi Mubarak Bombay, mzaliwa wa Uyao aliyeuzwa utotoni, akakulia India, kisha akarejea upande huu wa bahari. Msafara wa pili ulikuwa umekwisha kuondoka Melbourne, kusini-mashariki ya Australia, tarehe 20 Agosti, ukiagwa na umati wa watu wapatao 15,000. Kiongozi wake alikuwa Robert O'Hara Burke, afisa wa polisi mzaliwa wa Ayalandi. Alitumwa aivuke Australia kutoka kusini hadi kaskazini, jambo ambalo hakuna Mzungu aliyekuwa amelifanya.

Misafara hii miwili ilitofautiana kwa mengi, lakini tofauti iliyo kubwa ni ya chakula. Ule wa Unguja ulibeba shanga, nguo na waya za shaba. Nafaka yake ilikuwa katika maghala ya watu ambao haujawafikia bado. Kila jioni ulilazimika kubisha hodi, kusalimu, kubishana bei, kupokea posho na kuipika kama wanavyoipika wenyeji wa pale. Si kwamba haukuona njaa. Ugogo uliiona, na ya kutosha. Lakini haukuweza kupita katika nchi bila ya kusema na watu wake. Msafara wa Burke uliazimia kubeba chakula chake wenyewe. Ulikuwa na shehena ya takriban tani 20, pamoja na magari ya kukokotwa, farasi na ngamia zaidi ya 20.

Ngamia wengi miongoni mwa hao walinunuliwa India na kupakiwa Karachi, wakaletwa pamoja na watunzaji wao. Mmoja wa watunzaji hao aliandikwa kwa jina la Belooch, jina ambalo mtu wa Unguja hahitaji kufasiriwa. Mwingine, Samla, alikuwa Mhindu, na nyama iliyokuwa ikigawiwa ilikuwa ya ng'ombe iliyotiwa chumvi. Hakupata cha kula ila mkate na maji, akaomba ruhusa akarudi, safari ikiwa bado changa. Kisa hiki kidogo waandishi wengi wa habari za Burke hukipita mbio. Hata hivyo ndicho cha kwanza kuonyesha kwamba katika msafara ule mlo ulikuwa mmoja, na asiyeuweza alikuwa na hiari ya kuondoka tu.

Mnamo tarehe 16 Desemba Burke aliiacha sehemu ya watu wake katika kambi iliyo kando ya kijito cha Cooper Creek, akaendelea kaskazini na watu watatu: William John Wills, mpimaji ardhi Mwingereza, John King, kijana wa Kiayalandi aliyewahi kuwa askari India, na Charles Gray. Februari 1861 walifika kwenye mikoko ya Ghuba ya Carpentaria. Waliyaona maji ya chumvi yakijaa na kupwa, lakini bahari yenyewe hawakuiona, kwa kuwa mikoko na matope viliwazuia. Wakageuka. Gray alifariki njiani. Watatu waliosalia waliwasili kambini jioni ya tarehe 21 Aprili, wakiwa na ngamia wawili waliokonda, wakakuta majivu yangali na joto. Wenzao walikuwa wamewasubiri miezi minne, wakaondoka asubuhi ya siku ile ile. Walichonga juu ya mti neno la kuwaagiza wachimbe, na chini yake walikuwa wamefukia unga, mchele, sukari na nyama kavu.

Hapo ndipo kisa cha chakula kinapoanza hasa. Ngamia mmoja alizama matopeni, wa pili akaishiwa na nguvu, akiba ikapungua siku baada ya siku. Na kando ya kijito kile, ambacho kwa macho ya wasafiri wale kilikuwa ukingo wa jangwa, waliishi Wayandruwandha, watu wazima na watoto, wenye nyavu, samaki, kome, mbegu na ndege. Waliwapa wageni samaki, na wakawapa mikate midogo ya unga wa kitu kilichoitwa nardoo. Wills aliwatembelea, akakaa nao siku kadhaa, akala na kulala, na katika shajara yake akawataja kwa shukrani.

Ila jambo moja hakuliuliza mapema, au aliuliza asifahamiane nao. Mkate aliujua, lakini hakujua unga wake unatoka wapi. Ikapita wiki moja na zaidi Burke na wenzake wakiutafuta mti wa nardoo, wakitazama juu kwenye matawi. Nardoo si mti. Ni gugu la jamii ya kangaga, lenye vijani vinne vinne, linaloota chini penye maji ya mafuriko. Maji yakikauka huacha ardhini vidonge vigumu vyeusi mithili ya dengu, na humo ndimo unga unamopatikana. King alilivumbua tarehe 17 Mei, chini ya miguu yao wenyewe. Wakafurahi kama watu waliookoka.

Baina yao na wenyeji, hata hivyo, palikuwa pameingia ubaridi, na kosa la ubaridi huo ni vigumu kulitoa mikononi mwa Burke. Kwake ukarimu ulikuwa na harufu ya mtego. Siku moja wageuzaji wa hali walikuja na samaki, naye akawapiga mikono samaki wakaanguka, akamwamuru King afyatue bunduki. Alichelea, kama alivyoeleza King baadaye, kwamba watu wale wakizoea kuingia kambini watataka kila kitu. Wahenga wa pwani husema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Burke hata siku hizo mbili hakuzitaka. Wayandruwandha wakahama, kama wafanyavyo watu wa kijito, wakifuata samaki.

Wageni wakabaki na nardoo yao peke yao. Waligawana kazi: King na Burke waliokota, Wills alikaa kutwa akisaga na kupepeta. Kazi hiyo miongoni mwa Wayandruwandha ilikuwa ya wanawake, na mwenye kuifanya tangu utotoni alikuwa na mkono wake na mawe yake. Watu watatu wenye miguu inayotetemeka walijaribu kuijifunza kwa kuikisia. Na haukupungua unga. Hilo ndilo la kushangaza. Wills aliandika kwamba hamu ya kula anayo na chakula anakipata, lakini mwili unakwisha na miguu haimbebi. Walikuwa wakila na kufa kwa pamoja. Mwishoni mwa Juni Wills aliwataka wenzake wamwache wakawatafute wenyeji, wakamwekea nardoo ya siku chache na maji karibu. Alifariki peke yake, na umri wake ulikuwa miaka 27. Burke alianguka njiani baada ya siku mbili tatu.

John King akawa peke yake, na tangu hapo kisa kinageuka. Alifuata nyayo mpaka akawakuta Wayandruwandha. Alipiga kunguru kwa bunduki akawapelekea, nao wakampa samaki na nardoo. Mwanamke mmoja, ambaye jina lake limehifadhiwa kwa tahajia ya Carrawaw, alikuwa na kidonda mkononi. King alikiosha kwa maji ya moto na kukitia dawa. Mwanamke yule na mumewe wakawa hawamwachi. Walimpikia asubuhi na jioni, wakamjengea banda la kulala. Nardoo iliyowaua wenzake aliendelea kuila, lakini sasa ikitoka mikononi mwa waliojua kuiandaa, tena ikiwa na samaki pembeni yake. Tarehe 15 Septemba 1861 watu wa Alfred Howitt walimkuta akiwa hai, mchovu na aliyechomwa na jua, kati ya wenyeji wake. Aliishi hadi 1872.

Kwa zaidi ya karne moja ilisemwa tu kwamba Burke na Wills walikufa kwa njaa. Mwaka 1994 wataalamu wawili, Earl na McCleary, walitoa maelezo mengine. Nardoo ina kimeng'enya kinachoivunja vitamini B1, na mwenye kuila kwa wingi ikiwa haijatengenezwa vyema huweza kushikwa na beriberi, maradhi yanayolegeza miguu na kuuchosha moyo. Wayandruwandha waliisaga kwa maji mengi, wakapata uji mwepesi, wakaunywa kwa kuuteka na ganda la kome. Maji yale huizimua sumu na kuidhoofisha. Wageni waliisaga kavu. Wako wanaoona kwamba kiseyeye na uhaba wa vyakula vingine navyo vilichangia, na hapana budi vilichangia. Mtu anayekula kitu kimoja tu kwa mwezi mzima hafi kwa sababu moja. Lakini kauli zote mbili zinakutana hapa: kilichokosekana hakikuwa chakula. Ni namna, na namna hukaa kwa watu.

Wala Burke hakuwa wa kwanza katika nchi hiyo. Mwaka 1770 merikebu ya James Cook ilipasuliwa na mwamba, ikavutwa hadi mtoni, kaskazini-mashariki ya Australia, ili ikarabatiwe. Mabaharia waliona kando ya meko ya wenyeji maganda ya kokwa fulani, wakajua kwamba zinaliwa. Wakazila. Walitapika na kuhara vibaya, na nguruwe waliolishwa kokwa hizo wakaugua baada ya siku chache, na wawili wakafa. Walikuwa wamesoma maganda, hawakumsoma mpishi. Kokwa zile ni za mti wa jamii moja na mtapo, uonekanao katika misitu ya pwani ya Afrika Mashariki. Wazee wa pwani wanaujua mtapo kuwa ni chakula cha mwaka wa dhiki, nao wanajua pia kwamba hauliwi mpaka ukae majini na kubadilishwa maji. Baina ya kokwa na mdomo kuna siku, na siku hizo hazionekani katika ganda lililotupwa.

Muhogo ulikuja pwani hii kwa njia hiyo hiyo ya ugeni. Asili yake ni Amerika ya Kusini, na Wareno ndio walioupeleka Afrika. Wenyeji wa Brazili walikuwa wamekwisha kujua karne nyingi kabla kwamba muhogo mchungu una sumu ya sayanaidi, wakawa wakiukuna, wakiukamua maji yake na kuukausha kwa moto. Mche ulipanda merikebu. Mwanamke aliyekuwa akiukamua hakupanda. Kila nchi ilibidi ijifunze upya, au ipate mtu wa kuifundisha. Pwani ilijifunza. Ilitenga muhogo wa kutafunwa mbichi na ule usioguswa na mtoto. Ikajua kumenya, kuvundika, kuanika makopa hadi yakatike kwa mlio, kisha kuyatia kinuni. Bada la Tanga na udaga wa Ziwa Nyanza ni elimu iliyopikwa, na haijulikani ni vizazi vingapi vililipa ada yake.

Ada hiyo haijakwisha kulipwa. Mwaka 1938 daktari mmoja, Trolli, aliandika habari za ugonjwa wa kupooza miguu huko Kwango, Kongo, uitwao konzo, neno la Kiyaka lenye maana ya miguu iliyofungwa. Mwaka 1981 ukazuka katika jimbo la Nampula, kaskazini mwa Msumbiji, mkoa wenye Angoche na Kisiwa cha Msumbiji, miji inayofahamiana na Unguja tangu zama za majahazi. Wagonjwa zaidi ya 1,100 walihesabiwa, wengi wao wanawake na watoto. Mwaka 1985 ukaonekana Tarime, Tanzania. Mtu aliyelala mzima aliamka hawezi kunyoosha magoti, na hali hiyo haiondoki.

Wanawake wa Nampula hawakuwa wageni wa muhogo. Walizijua siku zake za jua kama wazijuavyo siku za arubaini. Mwaka ule mvua ilikosa, mimea mingine ikafa, ukabaki mchungu, ambao hustahimili ukame. Watoto wakalia, na mihogo ikatolewa juani kabla ya siku zake kutimia.