Kushinda Serikali, Kukosa Dola: Parti Québécois na Mjadala wa Mamlaka Kamili ya Québec

Tarehe 20 Mei 1980 wapigakura wa Québec, jimbo la Kanada ambalo wakazi wake wengi husema Kifaransa, waliulizwa kama wanairuhusu serikali yao ikajadiliane na serikali ya shirikisho huko Ottawa juu ya mamlaka kamili ya jimbo hilo. Asilimia 59.56 wakakataa. Haukupita hata mwaka, tarehe 13 Aprili 1981, wapigakura walewale wakakirudisha madarakani chama kilichowauliza swali hilo, tena kwa kura nyingi kuliko zilizokiingiza mara ya kwanza. Parti Québécois (PQ) ilizoa asilimia 49 ya kura na viti 80 kati ya 122. Ni rahisi kuyaita matokeo hayo kigeugeu. Kwa maoni yangu, wapigakura walijua vizuri walichokuwa wakikifanya, na chama ndicho kilichowafundisha.

Makala hii inatetea hoja moja. PQ iliundwa iwe chombo cha kuipatia Québec dola yake. Ilipofika serikalini ilifanya kazi nzuri kiasi kwamba iliwapa wananchi sehemu kubwa ya walichokuwa wakikitafuta bila kuvunja shirikisho la Kanada. Mfumo wa uchaguzi nao ukakipa chama viti vingi kuliko kura zake, kikaamini kwamba kimeshakubalika na wengi ilhali kimeshinda tu. Hizo ndizo sababu mbili kuu za kudhoofika kwa dai la mamlaka, kuliko fedha za Ottawa na vitisho vya matajiri ambavyo wafuasi wa PQ huvilaumu kila mara.

Historia yenyewe inajulikana, kwa hiyo nitaipitia kwa haraka. Mwaka 1763 Ufaransa iliikabidhi Uingereza koloni lake la bonde la Mto St. Lawrence, na mwaka 1867 Québec ikawa mojawapo ya majimbo manne ya kwanza ya shirikisho la Kanada. Kwa vizazi kadhaa watu wake walijihami kwa kanisa, shamba na lugha, huku fedha za Montréal zikisema Kiingereza. Mabadiliko yalikuja mwaka 1960, Waliberali wa Jean Lesage walipoingia madarakani na kuanzisha kipindi kinachoitwa Mapinduzi ya Kimya. Serikali ya jimbo ilichukua shule na hospitali kutoka mikononi mwa kanisa. Mwaka 1962 Lesage aliitisha uchaguzi juu ya kutaifisha kampuni za umeme, akapiga kampeni kwa wito wa kuwa mabwana nyumbani kwao, akashinda. Waziri aliyelisimamia jambo hilo alikuwa René Lévesque, mwanahabari aliyepata umaarufu kwenye televisheni. Mwaka 1965 ikaundwa Caisse de dépôt, hazina ya kuwekeza akiba za pensheni za jimbo.

Yote hayo yalifanywa na chama cha Liberali, ndani ya katiba ileile ya Kanada. Lévesque mwenyewe alihitimisha kwamba hatua hizo haziwezi kwenda mbali zaidi bila Québec kuwa na dola yake. Chama chake kikamkatalia, akajitoa Oktoba 1967, miezi michache baada ya Jenerali de Gaulle, Rais wa Ufaransa, kusimama kwenye roshani ya ukumbi wa jiji la Montréal na kushangilia Québec huru. Mwaka uliofuata PQ ikazaliwa. Oktoba 1970 kundi la FLQ, lililotaka kuikomboa Québec kwa silaha, lilimteka mwanadiplomasia wa Uingereza James Cross, kisha likamteka na kumuua waziri Pierre Laporte. Waziri Mkuu wa Kanada, Pierre Trudeau, akatangaza Sheria ya Hatua za Vita, na mamia ya watu wakawekwa ndani bila mashtaka. Lévesque aliyalaani mauaji yale waziwazi. Tangu hapo hakuna mwanasiasa wa maana wa Québec aliyedai kuwa kuna njia nyingine ya kuipata dola isipokuwa sanduku la kura.

Sanduku lenyewe, hata hivyo, lilikuwa na ukaidi wake. Mwaka 1970 PQ ilipata asilimia 23 ya kura na viti 7. Mwaka 1973 ikapanda hadi asilimia 30 na kushuka hadi viti 6. Hapo ndipo Claude Morin, mtumishi mwandamizi wa serikali aliyegeuka mwanasiasa, alipoleta mkakati wa hatua kwa hatua: tuchagueni kwa ajili ya utawala bora, na suala la mamlaka tutawauliza baadaye kwa kura ya maoni. Mkutano mkuu wa chama ulikubali mwaka 1974. Novemba 1976 PQ ikapata asilimia 41 ya kura na viti 71 kati ya 110. Waziri Mkuu wa Québec, Robert Bourassa wa Liberali, alipoteza hata kiti chake mwenyewe, kikachukuliwa na Gérald Godin, mshairi.

Kwa mbinu za uchaguzi, mkakati wa Morin ulikuwa mahiri. Kwa lengo la chama, naona ulikuwa na gharama ambayo haijalipwa hadi leo. Ulimwonyesha mpigakura kwamba anaweza kukichukua chama na kuliacha dai lake. Mtu aliyechoshwa na Waliberali, aliyetaka bima ya magari iliyo nafuu au sheria kali dhidi ya michango michafu ya fedha katika siasa, aliweza kuipigia PQ akiwa na uhakika kwamba nchi yake haitabadilika kesho yake asubuhi. PQ ilimpa yote mawili. Bima ya umma ya madhara ya ajali barabarani ilianza mwaka 1978, na sheria ya fedha za vyama ya mwaka 1977 ilipiga marufuku michango ya makampuni na vyama vya wafanyakazi.

Kisha kuna Sheria ya 101 ya mwaka 1977, kazi ya Camille Laurin, daktari wa magonjwa ya akili aliyekuwa waziri wa maendeleo ya utamaduni. Mabango ya biashara yaandikwe kwa Kifaransa. Makampuni makubwa yaendeshe kazi zao kwa Kifaransa. Watoto wa wahamiaji waende shule za Kifaransa. Kabla ya hapo familia nyingi za Kiitaliano na Kigiriki za Montréal ziliwapeleka watoto wao shule za Kiingereza, kwa kuwa mkate ulikuwa huko. Januari 1978 kampuni ya bima ya Sun Life ilitangaza kuhamishia makao yake makuu Toronto, na wasemaji wengi wa Kiingereza wakafuata barabara hiyohiyo. Lévesque hakuipenda sana sheria hiyo; aliona ni fedheha kwa taifa kuhitaji sheria ili liseme lugha yake. Lakini ilifanya kazi. Kizazi kilichosoma chini yake hakikujua tena aibu ya kuhudumiwa kwa Kiingereza katika duka la mjini kwao. Aibu hiyo ndiyo iliyokuwa kuni za moto wa mamlaka, na PQ ndiyo iliyoziondoa jikoni.

Pingamizi linalotolewa hapa ni kura ya maoni ya pili, ya mwaka 1995. Kama dai lilikuwa limeshapoa, mbona lilikaribia kushinda? Jibu ni kwamba Ottawa ililichochea upya. Katiba ya mwaka 1982 ilirudishwa nyumbani kutoka Uingereza bila ridhaa ya serikali ya Québec, na hadi leo hakuna serikali ya jimbo hilo, ya Liberali wala ya PQ, iliyoitia saini. Mapatano ya Ziwa Meech ya mwaka 1987, yaliyokusudiwa kulitibu jeraha hilo kwa kuitambua Québec kuwa jamii ya kipekee, yalikufa Juni 1990 baada ya majimbo mawili kushindwa kuyaidhinisha. Lucien Bouchard alitoka kwenye baraza la mawaziri la shirikisho, akaanzisha Bloc Québécois, na mwaka 1993 chama hicho cha jimbo moja kikapata viti 54 na kuwa upinzani rasmi katika Bunge la Kanada. Bila kosa la Meech, sidhani kama Jacques Parizeau, kiongozi wa PQ, angethubutu kuitisha kura ya pili.

Parizeau alikuwa mchumi aliyesomea London, na tofauti na Lévesque hakuwa na subira na mkakati wa hatua kwa hatua. Aliingia madarakani mwaka 1994 akiwa na viti 77 dhidi ya 47 vya Waliberali, ingawa pengo la kura kati yao halikufika hata nusu asilimia. Hata yeye, ili apate wengi, ilimbidi alainishe swali: Québec iwe na mamlaka kamili baada ya kuipa Kanada rasmi pendekezo la ubia mpya wa kiuchumi na kisiasa. Mapema Oktoba alimwachia Bouchard jukumu la kuongoza kampeni. Bouchard alikuwa amekatwa mguu miezi kumi kabla kutokana na maradhi yaliyokaribia kumuua. Akisimama jukwaani kwa fimbo, ukumbi ulitetemeka.

Tarehe 30 Oktoba 1995 asilimia 93.52 ya waliojiandikisha walipiga kura, kiwango ambacho nchi nyingi hukiona tu pale ambapo kura ni ya lazima au ya uongo. Hapana ilipata asilimia 50.58 na Ndiyo 49.42. Pengo lilikuwa kura 54,288. Karatasi zilizokataliwa zilikuwa 86,501, yaani nyingi kuliko pengo lenyewe. Katika jimbo la uchaguzi la Chomedey, jijini Laval, zaidi ya asilimia 11 ya karatasi zilitupwa, na huko Hapana ilikuwa na nguvu kubwa. Mhesabu kura aliitazama alama ndani ya duara, akaona imeinama, imekolea sana au haifanani na nyingine, akaiweka pembeni. Uchunguzi ulifanyika, baadhi ya wahesabu wakashtakiwa, lakini njama ya jimbo zima haikuthibitika. Namna hiyo, hatima ya nchi ya pili duniani kwa ukubwa ilikaribia kuamuliwa na sura ya mkwaruzo wa penseli.

Usiku ule Parizeau alisema wameshindwa kwa sababu ya fedha na kura za makabila. Kesho yake akatangaza kujiuzulu. Maneno yale yaliumiza kuliko takwimu, kwa sababu PQ ilikuwa imewafungulia mlango watu haohao. Tangu makubaliano ya mwaka 1978, na zaidi ya mwaka 1991, Québec hujichagulia yenyewe sehemu kubwa ya wahamiaji wake, na Kifaransa huwapa waombaji alama. Ndiyo maana Montréal ina Wakongo, Warundi na Wanyarwanda wengi, na Kiswahili kinasikika katika nyumba zao. Watoto wao ni wana wa Sheria ya 101. Husema Kifaransa cha mtaani pale kama mwenyeji yeyote. PQ imewahi kumpa uwaziri wa utamaduni Maka Kotto, mzaliwa wa Kamerun. Hata hivyo mhamiaji aliyevuka bahari ili apate pasipoti ya Kanada hana sababu ya kuharakia kuibadilisha, na chama hakijapata kumpa sababu iliyo tofauti na kumbukumbu za mababu wasio wake.

Wenyeji asilia walikuwa na hoja kali zaidi. Siku sita kabla ya kura ile Wakri wa kaskazini waliandaa kura yao wenyewe, na asilimia 96 wakakataa kuchukuliwa na Québec huru bila ridhaa yao. Wainuit walijibu vivyo hivyo. Mabwawa makubwa ya umeme ya James Bay, fahari ya Hydro-Québec, shirika la umeme la jimbo, yako kwenye ardhi ya Wakri. Kama taifa la Québec lina haki ya kujiamulia, ni kwa mantiki gani taifa la Wakri likose haki hiyo? Sijaona jibu la PQ linalonitosheleza.

Baada ya kura ya 1995 Bouchard, akiwa sasa Waziri Mkuu wa jimbo, aliahidi kusubiri mazingira ya ushindi huku akibana matumizi ya hospitali ili kufuta nakisi ya bajeti. Mwaka 1998 alirudishwa na viti 76 ilhali Waliberali walimzidi kura. Serikali ilipatikana tena, wengi hawakupatikana. Na mwaka 2014, mfanyabiashara Pierre Karl Péladeau alipojiunga na PQ na kuinua ngumi akidai nchi, kampeni nzima iligeuka mjadala wa kura ya maoni na chama kikaporomoka hadi asilimia 25. Waliberali hawakulazimika kutetea rekodi yao. Waliishi kwa hofu ya wapigakura juu ya kura ya tatu, na kwa kiasi fulani uhai wao ulitegemea uhai wa PQ.

Aliyevuna kutokana na uchovu huo ni François Legault, waziri wa zamani wa PQ, aliyeanzisha Coalition Avenir Québec (CAQ) mwaka 2011 akiahidi uzalendo bila kura ya maoni. Mwaka 2018 akaunda serikali. Sheria ya 21 ya mwaka 2019 iliyowazuia walimu na polisi kuvaa alama za dini, na Sheria ya 96 ya mwaka 2022 juu ya lugha, zingeweza kuandikwa na PQ. CAQ ni mtoto halali wa mkakati wa Morin: imechukua hatua zote isipokuwa ya mwisho. Mwaka 2022 ilipata viti 90 kwa asilimia 41 ya kura, na PQ viti 3 kwa asilimia 14.6. Legault alikuwa ameahidi pamoja na PQ na chama cha Québec solidaire kuubadilisha mfumo huo wa uchaguzi. Muswada ukawasilishwa mwaka 2019 na kuachwa kimya kimya.

Leo PQ ya Paul St-Pierre Plamondon inaahidi kura ya maoni katika muhula wa kwanza, kabla ya mwaka 2030. Angalau ni mkweli: anayempigia anajua anachokinunua. Lakini kwa mfumo uliopo theluthi moja ya kura yaweza kumpa serikali, nayo haitampa dola. Zaidi ya hapo, Mahakama ya Juu ya Kanada iliamua mwaka 1998 kwamba Québec haina haki ya kujitenga peke yake, ila wananchi wake wakijibu ndiyo kwa wingi ulio wazi kwa swali lililo wazi, Kanada ina wajibu wa kujadiliana. Sheria ya shirikisho ya mwaka 2000 ililipa Bunge la Ottawa kazi ya kuamua kama wingi huo uko wazi, bila kutaja kiwango. Mwaka huohuo Québec ilitunga Sheria ya 99, inayosema nusu na kura moja inatosha. Hadi sasa sheria zote mbili zinatumika, na kiwango cha ushindi hakijakubaliwa na pande hizo mbili.