Getatchew Mekurya

Getatchew Mekurya (14 Machi 1935 – 4 Aprili 2016) alikuwa mpiga saksafoni ya tenori wa Ethiopia. Anajulikana hasa kwa kupiga kwa saksafoni shellela, yaani majigambo ambayo wapiganaji wa Ethiopia waliyaimba kabla ya kwenda vitani.

Maisha na kazi

Alizaliwa Yifat. Alianza na ala za jadi: krar, ambayo ni ala ya nyuzi ya jamii moja na nyatiti ya Waluo wa Kenya, na masenqo, zeze la uzi mmoja. Baadaye alijifunza klarineti, kisha saksafoni. Mwaka 1949 alijiunga na Bendi ya Manispaa ya Addis Ababa. Enzi hizo ala za kupuliza za Kizungu zilikuwa mikononi mwa bendi za serikali: jeshi, polisi, manispaa na walinzi wa mfalme. Mwaka 1955 aliingia bendi ya Ukumbi wa Haile Selassie I, na mwaka 1965 akahamia Bendi ya Polisi.

Mtindo

Katika shellela, shujaa hujisifu, humtisha adui na kuwapandisha wenzake mori. Getatchew aliyatoa yote hayo kwa pumzi. Alishika noti moja ndefu inayotetemeka, kisha akamwaga mfululizo wa noti za haraka, huku bendi nyuma yake ikishikilia mdundo uleule. Mara nyingi alipanda jukwaani amevaa ngozi ya mnyama na manyoya ya simba kichwani, kama mpiganaji wa zamani.

Wasikilizaji wa Ulaya na Marekani wamemlinganisha na Albert Ayler na Ornette Coleman, waasisi wa jazi huru. Hata hivyo, chimbuko la upigaji wake ni majigambo ya kwao, na ndiyo maana ni vigumu kumweka katika kundi la waigaji wa jazi ya Marekani.

Rekodi na umaarufu

Albamu yake *Negus of Ethiopian Sax* ilitolewa na Philips mwanzoni mwa miaka ya 1970. Baada ya mapinduzi ya 1974, utawala wa kijeshi wa Derg ulipiga marufuku kutembea usiku, na muziki wa kumbi za Addis Ababa ukadidimia. Mwaka 2003 kazi zake zilitolewa upya nchini Ufaransa katika juzuu la 14 la mfululizo wa *Éthiopiques*.

Akiwa amekwishavuka miaka 65, alianza kushirikiana na The Ex, bendi ya panki ya Uholanzi. Pamoja walirekodi *Moa Anbessa* (2006) na *Y'Anbessaw Tezeta* (2012), wakazuru nchi nyingi, na mwaka 2008 walitumbuiza katika Lincoln Center, New York.

Alifariki akiwa na umri wa miaka 81. Amebaki kuwa mfano bora, Afrika Mashariki, wa mwanamuziki aliyeifanya saksafoni iseme lugha ya nyumbani.